Tasi wenye mayai leo, kesho hawapo: wanakwenda wapi?

Swali: "Mtaalamu, shikamoo. Mimi ni mama lishe huku Temeke, samaki nanunua Feri alfajiri. Kuna kipindi tasi wanajaa mezani, wakubwa, wanene, matumbo yamejaa mayai, na bei inashuka. Zikipita siku chache unakuta vidogo vya mafungu tu. Wachuuzi wengine wanasema tasi amehama, amekwenda Unguja. Wengine wanasema ni mambo ya mwezi. Nani mkweli? Na ni kweli zamani walikuwa wakubwa zaidi, au ni sisi tunazeeka? Halafu nieleze, kwa nini mwiba wake unauma kuliko wa samaki mwingine?"

Jibu:

Marahaba, dada. Wanaosema mwezi ndio walio karibu na ukweli. Tasi wa kwetu si samaki wa safari ndefu kama jodari au nguru. Wale wakubwa uliowaona wiki iliyopita, kama hawakuishia kwenye kikaango cha mtu, wapo palepale pwani, wametawanyika majanini. Kilichobadilika ni kwamba kwa siku chache walikuwa wamekusanyika mahali pamoja na wavuvi wakawakuta, na sasa kila mmoja amerudi kwenye malisho yake.

Ili hilo lieleweke lazima tuanze na chakula chake, maana maisha yote ya tasi yanazunguka majani.

Karibu kila samaki unayemkuta mezani pale Feri anakula kiumbe mwingine. Chewa anameza samaki wenzake, changu anatafuna kaa na konokono, mkundaji anachokonoa mchanga kutafuta minyoo. Tasi anakula majani. Chakula chake ni mwani na nyasi bahari, na hivi ni vitu viwili tofauti ingawa watu wengi huviita kwa jina moja. Mwani hauna mizizi ya kweli wala maua. Nyasi bahari ni mmea kamili wenye mizizi, shina, majani na maua, ila unaishi chini ya maji ya chumvi. Ukisimama Kunduchi, Msasani au Mjimwema wakati maji yamekupwa, yale mabaka ya kijani kibichi na kahawia yanayoanzia karibu na ufukwe kwenda mwambani mengi ni nyasi bahari. Huko ndiko kwao tasi. Maji yakijaa anapanda juu ya tambarare kula, yakianza kupwa anarudi nyuma kwenye kina. Wavuvi wa wando wanajua hivyo ndiyo maana uzio wao unategwa kumsubiri wakati wa kurudi.

Wanaosoma samaki wanawaweka tasi wote katika familia iitwayo Siganidae, yenye jenasi moja tu, Siganus, na spishi karibu 30. Asili yao ni Bahari ya Hindi na Pasifiki. Anayejaa kwenye mafungu yetu, na ambaye majirani zetu wa Kenya humwita tafi, ni Siganus sutor, spishi ya huku kwetu magharibi mwa Bahari ya Hindi: Kenya, Tanzania, Msumbiji, Madagaska, Komoro, Shelisheli hadi Afrika Kusini. Ana rangi ya kijivu iliyochanganyika na kahawia au kijani, na vidoa vidogo vyeupevyeupe. Ukimwona mwenye madoa meusi mwili mzima na rangi ya manjano kwenye mkia, huyo ni ndugu yake Siganus stellatus, anayependa zaidi matumbawe. Usishtuke pia ukimkuta tasi mezani ana mabaka makubwa meusimeusi. Si ugonjwa. Tasi hubadilisha rangi kwa haraka akiogopa, na usiku akilala hujivika mabaka hayohayo ili asionekane katikati ya majani. Wengi hufa wakiwa na rangi ile ya hofu.

Mchana sutor hutembea kwa makundi kama mbuzi, wanang'ata huku na huku, wanasogea. Stellatus na wenzake kadhaa wa matumbaweni wao huishi wawiliwawili. Mwaka 2015 watafiti wawili wa chuo kikuu cha James Cook kilichoko Australia, Simon Brandl na David Bellwood, walionyesha jambo ambalo watu hawakulitegemea kwa samaki: katika jozi hizo mmoja huinamisha kichwa kwenye upenyo wa jiwe kula, mwenzake anabaki juu amesimama akiangalia adui, kisha wanabadilishana zamu. Anayekula peke yake hawezi kuzama kwenye mianya kwa raha hivyo, kwa sababu ukiingiza kichwa kwenye shimo huoni nani anakuja nyuma. Mimi hilo linanifurahisha kila nikilisimulia, lakini turudi kwenye meza yako.

Anayekula majani inabidi awe na tumbo la kuyasaga. Utumbo wa tasi ni mrefu, umejikunjakunja, na ndani yake kuna vijidudu vinavyochachusha majani. Ndiyo maana akikaa bila kutumbuliwa anaoza haraka na nyama yake inanuka majani. Ukifika nyumbani, tasi ndiye wa kwanza kutumbuliwa, changu anaweza kusubiri. Ukipasua nyongo utajua ulimini, kwa hiyo kisu kiende taratibu. Kuna faida nyingine kwenye chakula hicho cha majani. Mwaka 2010 watafiti walikuta kwamba tasi mmoja wa Asia, Siganus canaliculatus, anaweza mwenyewe kutengeneza mafuta ya omega-3 ya aina ile ndefu kutokana na mafuta mafupi ya mimea, uwezo uliokuwa haujawahi kuthibitishwa kwa samaki wa baharini. Ndiyo sababu mojawapo inayowafanya wafugaji wa samaki wamtazame kwa jicho la kutamani: samaki wa baharini asiyehitaji kulishwa samaki wengine.

Wakulima wa mwani hawana tamaa hiyo. Tangu kilimo cha mwani kianze Zanzibar mwaka 1989, na baadaye huku bara upande wa Bagamoyo, tasi amekuwa mgeni asiyealikwa kwenye kamba zao. Mkulima anafunga vipando asubuhi, kundi la tasi linakuja na maji, jioni ncha zote zimeng'atwa. Baadhi wamejifunza kutega dema, ule mtego wa fito, pembeni ya shamba na hasara inageuka kitoweo.

Sasa mayai. Tasi akishakomaa, na anakomaa mapema, hupevusha mayai kwa misimu. Utafiti uliochapishwa mwaka 1990 juu ya sutor wa pwani ya Kenya ulikuta vipindi viwili: Januari na Februari, wakati kaskazi inavuma, kisha Mei na Juni, kusi ikiwa imeingia. Sisi tuko kwenye bahari hiyohiyo na upepo huohuo, kwa hiyo ukiangalia daftari lako la manunuzi nadhani utakuta siku zako za tasi wanene nyingi zinaangukia jirani na miezi hiyo.

Ndani ya msimu, mwezi wa angani ndio unaopanga siku. Huko Shelisheli, hasa kisiwa cha Praslin, sutor wamefuatiliwa kwa vifaa vya sauti vinavyowekwa tumboni mwa samaki. Wanatoka kwenye malisho yao, wanakwenda kwenye mwamba uleule kila mwezi wa msimu, wanakaa siku chache kuzunguka mwezi mpevu, wanataga, wanarudi. Kusini mwa Kenya, eneo la Msambweni, wavuvi nao wana vituo vyao vya namna hiyo na walivijua kabla mtafiti yeyote hajafika na boti. Siku yenyewe ya mwezi inaweza kutofautiana mahali na mahali, lakini utaratibu ni uleule: samaki waliokuwa wametawanyika kwenye eneo kubwa la majani wanajikuta wote kwenye mwamba mmoja, na vichwani mwao kuna jambo moja tu. Dema likiwekwa hapo linajaa. Mshipi wenye chambo cha mwani unavuta bila kupumzika. Asubuhi yake wewe unaona meza imejaa, wote wakubwa, wote na mayai, bei imeshuka. Wiki inayofuata wamerudi majanini, mvuvi anakwenda mahali palepale anapata mmoja mmoja, na mchuuzi anakwambia amehama.

Kwa hiyo mchuuzi aliyetaja Unguja hakusema uongo kabisa. Kuna kuhama, ila ni kwa kilomita chache na kwa siku chache.

Mayai ya sutor ni madogo sana, malaki kwa jike mmoja, na yana gundi, yanazama na kunata kwenye mchanga, mwani na mawe. Baba hakai kuyalinda wala mama. Yanaanguliwa kwa muda mfupi, watoto wanapanda juu na kuchukuliwa na mkondo kwa wiki tatu nne hivi wakila vijiumbe vya majini visivyoonekana kwa macho. Wengi wao huishia matumboni mwa wengine. Waliobaki wanaingia kwenye tambarare za nyasi bahari wakiwa wembamba, karibu kuona kupitia mwilini mwao, na baada ya siku chache wanapata rangi na kuanza kung'ata majani. Tasi mchanga anahitaji majani zaidi kuliko mkubwa, kwa chakula na kwa maficho.

Hapa ndipo swali lako la pili linapopata jibu. Ndiyo, wadogo wamezidi, na si uzee wako. Lakini nisikilize vizuri, kwa sababu wengi hulijibu kwa pupa wakasema tasi anakwisha. Tasi ni samaki mgumu kumaliza. Hukua haraka, huanza kutaga akiwa na mwaka mmoja au zaidi kidogo, akiwa na sentimita 20 na ushei, na maisha yake yote ni miaka michache tu. Chewa mkubwa akivuliwa leo, mbadala wake anahitaji miaka mingi. Tasi akiachiwa nafasi ya msimu mmoja au miwili anaweza kurudi. Kwa sababu hiyo ameendelea kujaza meza zetu wakati samaki wengine wa mwambani wamekuwa wa kutafutwa kwa tochi.

Kinachotokea kwake ni kwamba tunamvua kabla hajafikia ukubwa wake. Sutor anaweza kufika sentimita 45. Ni lini mara ya mwisho ulinunua wa urefu huo? Wale wa fungu, ambao mkia na kichwa vinaenea kwenye kiganja, ni watoto, hawajataga hata mara moja. Wanatoka wapi? Wengi wanatoka kwenye kokoro. Wavu huo unazungushwa kwenye maji mafupi na kuvutwa hadi ufukweni, chini ukiburuta kwenye nyasi bahari, na kifuko chake kina matundu madogo kiasi kwamba hakuna anayepita. Unachukua mtoto na kung'oa majani aliyojificha. Kanuni za uvuvi za mwaka 2009 zinaukataza, na bado unaukuta ukienda ufukweni asubuhi na mapema. Baruti nayo ilipigwa miaka mingi kwenye pwani hii, ila baruti ni adui wa matumbawe zaidi, na tasi anayetegemea majani aliumia kidogo kuliko pono au chewa. Ukiniuliza nichague kitu kimoja cha kuondoa baharini kwa ajili ya tasi wa Dar es Salaam, nitachagua kokoro bila kufikiri mara mbili.

Watu wengine wangetaja kwanza kuvua wenye mayai. Mimi sikubaliani nao moja kwa moja. Samaki mkubwa aliyevuliwa kwenye mkusanyiko angalau ameshawahi kutaga, au yuko karibu, na mvuvi wa dema anapata riziki bila kuharibu chini ya bahari. Tatizo linakuja pale mkusanyiko mmoja unapozungukwa na mitego kila mwezi wa msimu, mwaka hadi mwaka. Mahali hapo huweza kufa kabisa, kwa sababu vijana wanaokua hawawakuti tena wakubwa wa kuwafuata. Pakifungwa kwa siku hizo tano sita tu za kila mwezi wa msimu, wavuvi hawapotezi kazi ya mwaka mzima na samaki anapata nafasi yake. Kufunga kwa namna hiyo ni rahisi kuliko kufunga bahari nzima, ila kunataka wavuvi wenyewe waseme vituo viko wapi, na hakuna mvuvi anayetoa siri hiyo kwa mtu aliyevaa kitambulisho shingoni.

Dema lenyewe linaweza kuboreshwa. Watafiti wanaofanya kazi Kenya, Emmanuel Mbaru na Timothy McClanahan, walijaribu madema yenye upenyo mwembamba wa kusimama kwenye kona, wa sentimita chache, unaoruhusu samaki wadogo na wale bapa wasio na soko kutoka. Matokeo waliyoyachapisha mwaka 2013 yalionyesha kwamba samaki waliobaki ndani walikuwa wakubwa zaidi na kipato cha mvuvi hakikushuka, kilipanda. Dema ni la fito au mianzi, upenyo huo fundi anauweka kwa dakika chache. Sijui nani anangoja nini.

Upande wa hifadhi, Bongoyo, Mbudya, Pangavini na Fungu Yasini zilitangazwa kuwa hifadhi tangu mwaka 1975, na baadaye visiwa vya upande wa Kigamboni, Sinda na wenzake, vikaongezwa. Kwenye karatasi ni ulinzi mzuri. Kwa tasi kuna pengo moja: hifadhi hizi zilichorwa kufuata visiwa na matumbawe, na sehemu kubwa ya utoto wa tasi iko kwenye nyasi bahari za karibu na ufukwe, mbele ya nyumba na hoteli, ambako mto unamwaga tope na mji unamwaga kila kitu. Majani yanahitaji mwanga. Maji yakiwa machafu na tope likitanda juu yake, yanapungua taratibu bila mtu kuona, kwa kuwa hayapigi kelele kama baruti.

Kabla sijafika kwenye mwiba, kuna habari moja ambayo wanafunzi wangu huwa hawaiamini. Mfereji wa Suez ulipofunguliwa mwaka 1869, bahari mbili ziliunganishwa. Tasi wawili wa Bahari ya Shamu, Siganus rivulatus na Siganus luridus, wakapenya kwenda Mediterania. Wa kwanza alishaonekana huko katika miaka ya 1920, wa pili miaka ya 1950. Huyu luridus hata sisi huku tunaye. Huko walikuta miamba iliyojaa mwani na karibu hakuna samaki wa kuula kwa bidii hiyo. Leo upande wa Uturuki na nchi jirani kuna miamba iliyobaki mawe matupu, na kuna wanaohangaika huko jinsi ya kuwashawishi watu wawale. Sisi tunagombania vidogo vya mafungu, wao wanatafuta mapishi.

Sasa mwiba, na hapa nisikilize kama mtu wa jikoni.

Tasi ana miiba 13 kwenye pezi la mgongoni, 7 kwenye pezi la chini nyuma ya tumbo, na miwili kwenye kila pezi la tumboni, mmoja mbele na mmoja nyuma, mpangilio ambao hakuna familia nyingine ya samaki iliyo nao. Jumla 24. Mbele ya pezi la mgongoni kuna mwiba mwingine mfupi uliolala ukielekea kichwani, nao hujificha chini ya ngozi. Mwiba wa changu unachoma kama sindano na basi. Wa tasi una vijifereji pembeni, na ndani ya vijifereji hivyo kuna tezi za sumu. Ukiingia mwilini ngozi ya mwiba inapasuka na sumu inaingia kwenye kidonda. Ndiyo yale maumivu yanayopanda mkono mzima wakati kidonda chenyewe hukioni. Haiui mtu mwenye afya, na nyama ya samaki haina sumu hiyo, kula kwa amani. Lakini samaki kufa hakuondoi sumu, na kulala kwenye barafu pia hakuiondoi. Wengi huchomwa jikoni, si baharini.

Sumu hiyo ni ya protini, na protini huharibiwa na moto. Kwa hiyo ukichomwa, toa kipande cha mwiba kama kimebaki, osha, kisha tumbukiza mkono kwenye maji ya moto unayoyavumilia, nyuzi joto 45 hivi, si ya kuchemka. Yapime kwanza kwa mkono usiochomwa, maana uliochomwa hauhisi joto sawasawa na unaweza kuungua bila kujua. Kaa humo nusu saa hadi saa moja na nusu, ukiongeza maji yanapopoa. Maumivu hushuka mapema kuliko unavyotegemea. Mafuta ya taa, kinyesi cha ng'ombe na mkojo achana navyo. Ukiona uvimbe unapanda, usaha, homa, au kama hujachanjwa pepopunda kwa miaka mingi, nenda kituo cha afya.

Na kabla ya hayo yote, chukua mkasi mkubwa ukate mapezi yote yenye miiba, la mgongoni, yale ya tumboni na lile la chini nyuma ya tumbo, kabla hujamshika kumtumbua. Mwanzie mgongoni, kutoka mkiani kwenda kichwani, huku umemkandamiza kichwa kwa kitambaa kizito. Magamba yake ni madogo mno hata huhitaji kumparua, ngozi unaipika ilivyo.